Kura ya Mpangaji

Dagny Haugland alikuwa hajalala vizuri tangu bunge lilipofunguliwa mwezi wa kwanza, na wala si kwa sababu ya uzee. Wenzake wa rika lake walikosa usingizi kwa magoti na vibofu. Yeye alikosa usingizi kwa ajili ya Guthrie.

Guthrie ni mji wa Oklahoma, mbali kabisa na kwetu, na Dagny hakuwahi kuukanyaga. Lakini alijua kwamba hapo zamani ndio uliokuwa mji mkuu wa jimbo lile, mpaka mwaka 1910 kura zikapigwa na makao yakahamishiwa Oklahoma City. Wanasimulia kuwa muhuri wa jimbo ulitoroshwa ndani ya furushi la nguo chafu. Watu wa Guthrie walilala katika mji mkuu, wakaamka katika mji tu. Dagny aliijua pia Vandalia ya Illinois, iliyopokonywa makao yakapewa Springfield. Aliijua Kaskaskia, iliyoitangulia Vandalia, ambayo ilipoteza makao kwanza na ardhi baadaye, mto Mississippi ukaimega nyumba baada ya nyumba. Aliijua Milledgeville ya Georgia na Benicia ya California. Bibi wengine wa hapa Juneau hukariri siku za kuzaliwa za wajukuu wao. Huyu alikariri miji iliyoachwa.

Na kuliko yote aliijua Sitka, maana ndiko alikotoka bibi yake. Makao ya Alaska yalipotolewa Sitka yakaletwa Juneau, babu yake, seremala, aliifuata kazi na familia ikamfuata yeye. Bibi alikuwa akisema kwamba Sitka waliachiwa mvua na kanisa. Kwa hiyo Dagny alijua tangu utotoni kuwa mji mkuu ni kitu kinachoweza kuchukuliwa, kwa sababu watu wake mwenyewe walikuja wakiwa nyuma ya waliouchukua.

Nyumba yake iko juu kilimani, mahali ambapo mtaa umekata tamaa ya kuwa mtaa ukageuka ngazi za mbao. Mumewe Halvor, baharia wa feri, alifariki akamwachia nyumba hiyo, paa linalovuja upande wa kaskazini, na vyumba viwili vya juu. Vyumba hivyo ndivyo vilivyomweka mjini. Kila mwaka bunge likianza vilipata wapangaji hadi mwezi wa tano. Binti yake aliyeko Seattle kila akipiga simu alikuwa na wimbo mmoja: "Mama, uza nyumba uje huku." Dagny hakumjibu lililokuwa moyoni. Makao yakihama, nani atanunua nyumba Juneau? Nusu ya majirani zake ni wafanyakazi wa serikali. Wangeondoka wote na mafaili yao, na yeye angebaki na ngazi.

Ugomvi wenyewe wa kuhamisha makao ni wa miaka mingi na unatokana na jambo moja. Kwetu hakuna barabara ya kuja wala ya kutoka. Magari tunayo tele, lakini ukiendesha mpaka mwisho unakuta milima na barafu upande huu, maji upande ule, na kibao kinachokuambia barabara imeishia hapo. Mtu huja kwa feri au kwa ndege, na ndege nazo zina kiburi. Ukungu ukishuka, rubani anazunguka juu ya mawingu mara mbili tatu, kisha anakwenda zake na abiria wake wote hadi mji mwingine. Sisi tunasema imepitiliza. Watoto wa hapa wanalijua neno hilo kabla ya kujua kuhesabu.

Sasa, mbunge aliyepitilizwa ni mbunge mwenye hasira, na mbunge mwenye hasira ni kura. Hilo kila mtu mjini analijua bila kuambiwa. Ndiyo maana bunge likikaa huwezi kumsikia mwenyeji akilalamika mvua mbele ya mgeni. Tunawaazima mabuti. Tunawapa lifti hata kama tunaelekea kwingine. Mpangaji mmoja aliwahi kumuuliza Dagny mvua hii itakatika lini, naye akamjibu kwa uso mkavu, "Mvua ipi? Huo ni unyevu tu." Mwenyewe alikuwa amebeba mwavuli uliogeuzwa na upepo.

Mwaka huo kulikuwa na mswada wa kuhamishia bunge kaskazini, karibu na Anchorage, na ulikuwa umefika kwenye kamati ya watu sita. Watatu waliutaka, akiwemo mwenyekiti aliyeuandika. Wawili hawakuutaka. Wa sita alikuwa hajasema, na huyo wa sita alilala chumba cha mbele nyumbani kwa Dagny. Akipiga hapana, inakuwa tatu kwa tatu na mswada unafia pale pale. Asipokuwepo, unapita.

Jina lake Merle Tackett, fundi wa matrekta kutoka vijiji vya ndani karibu na Fairbanks, jitu la mtu lenye sauti ya upole. Huo ulikuwa mwaka wake wa tatu katika chumba kile. Dagny alimpikia kama anavyopikiwa mkwe anayesitasita kutoa mahari. Samoni wa kuokwa, mchuzi wa kulungu, viazi vya maziwa. Wakati wa kula Tackett alikuwa na mchezo wa kumchokoza.

"New Mexico?" aliuliza jioni moja, mdomo umejaa.

"Santa Fe. Mkongwe kuliko yote, na uko juu kuliko yote."

"Vermont?"

"Montpelier. Watu wake hawafiki hata elfu kumi, na sijasikia mtu akitaka kuuhamisha."

"South Dakota?"

"Pierre. Barabara kuu za taifa zinaukwepa kabisa. Kula, Mheshimiwa, chakula kinapoa."

"Hawaii?"

Hapo ndipo Dagny alipokuwa akimsubiri. "Honolulu. Hebu nieleze, kutoka jimbo lingine lolote, unaendeshaje gari mpaka Honolulu?"

"Lakini Bi Dagny, watu wa Hawaii wengi wanaishi hapo hapo Honolulu. Watu wangu mimi wakitaka kuja kunizomea bungeni, wanapanda ndege mbili."

"Ndiyo maana umeshinda mara mbili. Wangekuona kwa karibu wangekuchoka."

Tackett alicheka mpaka akaweka uma chini. Kisha akasema, "Kwa viazi hivi, pengine nitapiga hapana." Alisema kama utani, lakini Dagny aliibeba ile pengine akapanda nayo kitandani, akaigeuza huku na huku hadi alfajiri.

Jumamosi kabla ya kura, simu ililia ukumbini. Alikuwa dada yake Tackett, kutoka hospitali ya Fairbanks. Baba yao alikuwa amepigwa na kiharusi. Anajitambua bado, anaongea kwa shida, anamuulizia mwanawe. Daktari hakuwapa ahadi yoyote.

Tackett alifunga mkoba akakimbilia uwanja wa ndege. Baada ya saa chache alirudi na teksi ile ile. Ukungu ulikuwa umeshuka hadi kwenye vichwa vya miti na haukuwa na haraka ya kwenda popote. Feri nayo ilikuwa imepandishwa matengenezoni. Alikaa jikoni na koti lake mwilini.

"Kesho utafunguka," Dagny alisema.

"Wamesema hivyo hivyo uwanjani."

"Ukungu wa hapa haukai sana."

Alisema uongo, na alijua. Mchana huo ndege ya pili ilisikika juu, ikizunguka. Mjini kote watu walisimama walipo, mikono imeshika walichoshika, wakisikiliza. Ngurumo ilikaribia, ikakaribia zaidi, kisha ikageuka na kufifia kusini. Tackett alikuwa amesimama kwenye ngazi na mkoba begani. Aliinama akauweka chini taratibu.

Moyo wa Dagny ulikuwa unavutwa na pande mbili. Alimhurumia, maana yeye mwenyewe aliwahi kuwa na baba, akamzika. Lakini kila alipomwona anatazama juu kwenye ule weupe, alimwona pia akiuweka ule weupe kwenye hesabu. Jumanne ilikuwa kura. Mtu anayekosa kuagana na baba yake kwa sababu mji mkuu hauna barabara, huyo atapigaje hapana? Na ukungu ukifunguka akaondoka kwa ndege, nani atabaki kuipiga hapana yenyewe? Kila upande aliogeukia kulikuwa na Guthrie.

Jumapili mchana shemeji yake, Einar, alikuja kula, kama alivyokuja kila Jumapili tangu Halvor afariki. Einar ni mvuvi, mdogo wake marehemu, mtu wa maneno machache na hamu kubwa ya kula. Aliingia kwa mlango wa jikoni akipangusa maji kwenye ndevu. Ukumbini, nyuma ya mlango uliofungwa, Tackett alikuwa kwenye simu.

"Mgeni wako bado yupo?" Einar aliuliza.

"Atakwenda wapi na hali hii?"

"Ukungu wa juu tu huu, shemeji. Upepo hakuna kabisa. Maji yametulia kama ya kwenye beseni." Alichovya mkate kwenye sufuria bila kuombwa. "Ningekuwa na shida ya kwenda Haines ningeng'oa nanga saa hii. Rada ninayo. Si ndiko barabara inakoanzia? Jamaa yangu wa kule ana gari limekaa tu. Mtu anapitia Kanada, kesho mchana yuko Fairbanks."

Dagny alikuwa na mwiko mkononi. Sauti ya Tackett ilipenya mlangoni, ya chini, ya kubembeleza, maneno hayasikiki.

"Nani kakuuliza habari za Haines?" alisema.

"Hakuna. Nasema tu."

"Basi usiseme. Bahari ya mwezi wa pili unaijua. Ikigeuka mkiwa katikati, je? Nimeshamzika Haugland mmoja, sitaki wa pili."

Einar alimtazama. Bahari aliijua kuliko yeye, na alijua kwamba shemeji yake analijua hilo. "Wewe ndiye mwenye nyumba," alisema.

Dagny alipakua chakula kwenye bakuli la kufunika, akamfungia na mkate, akamwambia kichwa kinamuuma, akale kwake. Hakuwahi kumfukuza Einar mezani hata siku moja. Alimfungulia mlango ule ule wa jikoni, akasimama kumtazama akishuka ngazi hadi ukungu ukamficha, ndipo akarudi kugonga mlango wa ukumbini na kusema chakula kiko tayari. Alijiambia ni siku mbili tu. Alijiambia wazee hupigwa na kiharusi wakaishi miaka. Aliona aibu wakati anajiambia, lakini aliendelea kujiambia.

Tackett hakula. Alikaa akizungusha kijiko.

"Arkansas," Dagny alisema, kwa kuwa alikosa la kusema. "Mbona huniulizi?"

"Leo hapana, Bi Dagny."

Jumatatu ukungu ulikuwa mzito zaidi. Ndege ya asubuhi ilikuja juu, ikazunguka, ikapitiliza. Tackett hakusimama tena kuisikiliza. Alikuwa ameketi kwenye ngazi ya chini ndani ya nyumba, viatu vimefungwa kamba, koti limefungwa vifungo, mikono katikati ya magoti, kama mtoto aliyesahauliwa shuleni. Dagny alipita na ndoo ya kudekia. Akapita tena bila ndoo. Alijaribu kufua, akajikuta ameshika shati la Tackett, shati kubwa la mistari lenye kola iliyochakaa, na ghafla hasira zikampanda, hasira za kujichukia. Hakufikiri tena. Alilitupa shati kwenye beseni, akaenda kwenye simu ya jikoni.

"Einar. Bahari ikoje?"

"Kama jana."

"Mafuta unayo?"

"Mwambie avae nguo nzito," Einar alisema. "Nakuja na gari."

Alimwambia Tackett kwa maneno mafupi, bila kumtazama usoni. Kuna boti, kuna Haines, kuna gari la kuazima, kuna barabara ya kupitia Kanada. Tackett alisimama akamshika mabega yote mawili. Gatini, kabla hajapanda, alikumbuka.

"Kesho ni kura," alisema.

"Najua kesho ni nini."

"Nisipokuwepo utapita."

"Panda, Mheshimiwa. Shemeji hapendi kusubiri."

Boti iliingia kwenye ukungu na baada ya kitambo sauti ya injini nayo ikaingia. Dagny alibaki gatini na mikono kwenye makwapa. Mji wote ulikuwa nyuma yake, hauonekani. Aliona kama ameuweka wote ndani ya boti ile na kuusukuma. Na bado hakujisikia mwema. Alijisikia mtu aliyerudisha kitu alichoiba, tena kikiwa kimetumika.

Siku ile na usiku wake hapakuwa na habari. Mchana upepo ulianza kutingisha dirisha la kaskazini, na kila lilipotingishika alimwona Einar ndani ya maji. Alijitabiria adhabu. Asubuhi ya Jumanne Einar alipiga simu kutoka Haines, sauti yake ya kawaida, akauliza kama kuna chakula kilichobaki. Dagny alikaa sakafuni na mkonga wa simu, akalia.

Mchana alivaa koti lake zuri akashuka bungeni kushuhudia mswada ukipita. Jengo letu la bunge ni la matofali na halina kuba, watalii hulipita wakilitafuta. Alikuta watu wamesimama ukumbini wakicheka. Mwenyekiti wa kamati, yule aliyeuandika mswada wenyewe, alikuwa amekwenda kwao mwisho wa wiki na ndege yake imepitiliza mara tatu. Yuko Seattle hotelini, ana hasira za kumtosha yeye na ukoo wake. Kikao kimesogezwa hadi wiki ijayo.

"Mungu anatupenda, Dagny," jirani yake Lorraine, karani wa mafaili, alimwambia akimkumbatia. "Kura yako haijapotea. Mpangaji wako atakuwa amesharudi."

Dagny aliitikia kwa kichwa. Alikuwa anaielewa hesabu polepole. Kikao hakikuwepo. Tackett angeondoka Jumapili asingekosa kura yoyote. Alichokilinda siku nzima hakikuwepo.

Simu ya Tackett ilikuja jioni hiyo.

"Nimefika," alisema. "Amefariki leo alfajiri. Nilikuwa bado njiani, nilikuwa Tok natia mafuta." Alipumua. "Dada anasema jana mchana alikuwa mzima kabisa wa akili. Alikunywa supu. Aliniulizia."

Dagny alivuta kiti akakaa.

"Bi Dagny? Usinyamaze hivyo. Bila wewe na Einar nisingefika hata kuzika. Nitamwambia kila mtu."

Na alimwambia kila mtu. Einar naye alikuwa ameropoka baa, na wiki haikuisha kabla mji mzima haujaijua habari. Dukani watu walimpisha Dagny mbele kwenye foleni. Mchungaji alimtaja kanisani. Lorraine alimwambia kila aliyekutana naye kwamba yule mwanamke aliitoa kura ya mji mzima kwa ajili ya mgonjwa wa mtu mwingine. Dagny alipungua. Hakuweza kumeza mkate. Watu walisema ni unyenyekevu.

Tackett alirudi siku moja kabla ya kikao kipya, anga safi, ndege imetua bila hata kuzunguka. Alimletea Dagny chupa ya asali kutoka kwa dada yake. Wakati wa kula alisema, "Kesho kabla sijapiga kura nitasimama niongee. Nitawaambia nilitaka kupiga ndiyo. Ndiyo, nilitaka, sikufichi. Siku zile nilipokaa kwenye ngazi zako niliuchukia mji huu mpaka mizizi yake. Halafu mwanamke anayejua kura yangu ni uhai wake akanipandisha boti. Mji wenye watu hao, sasa mimi niuhamishe niupeleke wapi?"

"Usiongee," Dagny alisema.

"Kwa nini?"

"Piga tu kura. Usiongee habari zangu."

Alicheka kwa upole akasema ataongea. Dagny alitoa vyombo mezani. Akinyamaza usiku huu na kesho asubuhi, mji unapona. Nyumba inapona. Paa la kaskazini litazibwa. Ilikuwa rahisi kuliko kufunga mlango wa jikoni.

Asubuhi alimkaangia chapati za maji, akamwekea asali ya dada yake, na alipokwisha kumimina kahawa alibaki amesimama.

"Einar alikuja Jumapili," alisema. "Si Jumatatu. Jumapili mchana. Alisema bahari imetulia, Haines panafikika, gari lipo. Nikamwambia anyamaze. Nikamtoa kwa mlango wa nyuma usimwone."

Tackett alikuwa na uma njiani. Uliteremka kidogo kidogo hadi ukagusa sahani.

"Jumapili saa ngapi?"

"Wakati uko kwenye simu na dada yako."

"Sikuwa naongea na dada," alisema. "Nilikuwa naongea na baba. Dada alimshikia simu sikioni. Nilikuwa namwambia anisamehe, nimetafuta, hakuna njia."

Dagny alishika kiegemeo cha kiti. Tackett aliisogeza sahani mbele. Kisha aliinuka, akavaa koti, akatoka. Alizishuka ngazi za mtaa polepole, mkono kwenye reli, kama mzee.

Chumba cha kamati kilijaa hadi mlangoni. Lorraine alikuwa amemwekea Dagny kiti mbele, na hakukuwa na namna ya kukikataa. Watu walimgusa mabega wakipita. Mwenyekiti alieleza kwa kirefu jinsi alivyozungushwa juu ya mawingu mara tatu, akauliza kama mheshimiwa yeyote ana neno kabla ya kura. Alimtazama Tackett, maana alikuwa ameomba nafasi.

"Sina neno," Tackett alisema.

Majina yakaanza kuitwa. Ndiyo. Hapana. Ndiyo. Hapana. Ndiyo, ya mwenyekiti mwenyewe. Dagny alizitazama kucha zake.

"Tackett."

Karani alimwita tena. Mtu alikohoa nyuma. Dagny aliinua macho akakuta Tackett anamtazama yeye, bila hasira, kama mtu anayetazama nyumba aliyowahi kuishi.

"Hapana," Tackett alisema.

Kelele zilipasuka. Viti viliburutwa, Lorraine alimrukia shingoni, mtu fulani alimbusu kwenye kofia. Mswada umekufa. Katikati ya vurugu Dagny alijipenyeza hadi korido akamkuta Tackett amesimama peke yake karibu na nguzo za marumaru.

"Mheshimiwa."

"Kura hiyo ni ya Einar," alisema. "Alisimama kwenye usukani saa zote zile asinidai hata asante. Na watu wa hapa hawajanikosea kitu, siwezi kuwaadhibu kwa ajili yako." Alivaa glavu, kidole kimoja kimoja. "Wewe sijui nikwambie nini. Asubuhi ungeweza kunyamaza, najua. Lakini siwezi kukaa tena katika ukumbi ule wenye simu ile."

Alikuja kuchukua mizigo yake Dagny akiwa bado njiani. Alipofika nyumbani ufunguo ulikuwa mezani na kodi ya mwezi mzima chini yake. Alipanda chumba cha mbele akaanza kutoa shuka. Huko chini mlango ulifunguliwa bila hodi, majirani wakaingia kwa vishindo, Lorraine mbele na keki, Einar nyuma yao akikung'uta mabuti. Walimwita Dagny ashuke aikate yeye, maana siku ilikuwa yake. Alisema anakuja. Kisha akakaa juu ya godoro tupu, shuka mapajani, akawasikiliza wakimwita.